Nani Alileta Njaa? Mfano wa Mwana Mpotevu Usomwapo Songea

Katika sura ya 15 ya Injili ya Luka mna kisa ambacho ni nadra kumpata Mkristo asiyekijua, na ambacho hata wasio Wakristo wengi wamepata kukisikia: kijana mdogo aliyedai fungu lake la mali ilhali babaye yu hai, akasafiri nchi ya mbali, akafuja alichopewa, akawa mchunga nguruwe, kisha akarejea nyumbani na kupokewa kwa vazi, pete, viatu na ndama aliyenona. Kwa kuwa kisa hiki chajulikana mno, aghalabu hakisomwi tena. Husimuliwa kutoka katika kumbukumbu, na kumbukumbu ina kaida ya kuhifadhi inachokithamini na kukiacha kingine kipotee bila ya mwenyewe kutambua. Nia ya makala haya ni kuchambua jinsi upotevu huo ulivyopimwa na mtaalamu mmoja, hapa Tanzania na kwingineko, na kisha kuuliza mfano huo wasema nini unaposomwa Mshangano, kata ya Manispaa ya Songea, katika nchi ambayo njaa ina historia yake yenyewe.

Mtaalamu huyo ni Mark Allan Powell, aliyekuwa mwalimu wa Agano Jipya katika seminari ya Kilutheri ya Trinity huko Columbus, Ohio, na matokeo ya kazi yake aliyachapisha katika kitabu mwaka 2007. Utaratibu alioutumia ulikuwa mwepesi hata waweza kufuatwa na mtu yeyote mwenye Biblia na wenzake wachache: aliwapa watu mfano wausome kwa utulivu, akawataka wafunge kitabu, kisha kila mmoja akamsimulia mwenziwe kisa kizima kadiri alivyokikumbuka. Katika kundi la kwanza la wanafunzi 12 hakutokea hata mmoja aliyetaja kwamba nchi ile ya mbali iliingiwa na njaa kuu. Jambo hilo likamshangaza, akalijaribu kwa Wamarekani 100. Wote 100 walikumbuka kwamba kijana alitapanya mali, na 6 tu ndio walioikumbuka njaa. Baadaye alipokuwa St. Petersburg, huko Urusi, aliwasimulisha watu 50 kwa njia ile ile, na 42 kati yao wakaitaja njaa, ilhali ule ubadhirifu, ambao Mmarekani hakuweza kukisimulia kisa bila yake, ulisahauliwa na walio wengi.

Sababu ya tofauti hiyo si ya kutafutwa mbali. Mji wa St. Petersburg, uliokuwa ukiitwa Leningrad, ulizingirwa na majeshi ya Ujerumani tangu Septemba 1941 hadi Januari 1944, muda wa siku karibu 900, na mamia ya maelfu ya watu wakafa kwa kukosa chakula. Watoto na wajukuu wa waliosalia hawawezi kulipita neno njaa kama alipitavyo mtu ambaye ghala ya mji wake haijapata kuwa tupu. Kwao kosa la kijana lilikuwa ni kujiona kuwa aweza kuishi peke yake bila ya jamaa zake, na kuzifuja fedha lilikuwa jambo dogo.

Hapa Tanzania swali lilikuwa jingine. Powell aliwauliza wanafunzi wa theolojia kwa nini kijana yule alifikia kutamani chakula cha nguruwe, na walio wengi hawakujibu kwamba alifuja mali, wala kwamba nchi iliingiwa na njaa, bali kwamba hapana mtu aliyempa kitu. Walimweleza kwamba mgeni katika nchi ya watu yumkini kupotewa na mali yake kwa kutojua mambo ya huko, na kwamba aibu ya kisa ni ya wenyeji, waliomwona mgeni anaangamia wasimnyoshee mkono. Fauka ya hayo waliona kwamba mfano huu ulitolewa mbele ya Mafarisayo na waandishi walionung'unika kwa sababu Yesu aliwapokea wenye dhambi na kula pamoja nao. Basi ile nchi isiyomlisha mgeni ndiyo sura ya wanung'unikaji hao, na nyumba ya baba ndiyo mahali ambapo asiyestahili hulishwa.

Insafu yatutaka tuseme kwamba jaribio hilo lina mipaka. Makundi yale hayakuteuliwa kwa kanuni za takwimu, na kwa kuwa swali la Tanzania halikuwa sawa na lile la Marekani na Urusi, majibu yake hayawezi kupangwa katika jedwali moja na yale mengine. Isitoshe, wanafunzi wa theolojia si wakulima wala wachuuzi. Hata hivyo lipo jambo moja ambalo hakuna upungufu wa kanuni unaoweza kulifuta, nalo ni kwamba katika nchi zote tatu hapana aliyebuni kitu kisichomo katika Injili. Ubadhirifu umo katika aya ya 13, njaa kuu imo katika aya ya 14, na kukosa mtu wa kumpa kumo katika aya ya 16. Luka ameweka sababu tatu, moja baada ya nyingine, kwa mpango wa makusudi, na kila taifa likaichukua moja na kuziacha mbili.

Sharti kukumbuka kwamba kufasiri mifano kumepitia njia nyingi. Mababu wa Kanisa walipenda kuona fumbo katika kila kitu: Augustino, alipofasiri mfano wa Msamaria mwema, alimwona Adamu katika yule majeruhi, Ibilisi na malaika zake katika wale wanyang'anyi, Kanisa katika nyumba ya wageni, na mtume Paulo katika mwenye nyumba hiyo. Mwishoni mwa karne ya 19 Mjerumani Adolf Jülicher aliyakataa mafumbo hayo akashikilia kwamba kila mfano una shabaha moja tu. Wataalamu Dodd mwaka 1935 na Jeremias mwaka 1947 wakataka mfano urejeshwe katika maisha ya Palestina alimokuwamo Yesu. Kila njia ina fadhila yake, lakini zote zilijishughulisha na msemaji na maneno yake, na haikuwa kaida yao kumkagua msikilizaji.

Tukirudi kwa wasikilizaji wa kwanza, yapo mambo ambayo masikio yao yaliyapokea kwa uzito tusioujua. Torati ilimpa mzaliwa wa kwanza mafungu mawili, na kwa hiyo kijana huyu mdogo alistahili theluthi moja. Bali kitabu cha Yoshua bin Sira kilikuwa kimekwisha kuonya kwamba mtu asimgawie yeyote mali yake angali hai. Kenneth Bailey, aliyefundisha miaka mingi Misri, Lebanoni na Yerusalemu, aliwauliza watu wa Mashariki ya Kati mwana akidai urithi babaye yu mzima maana yake nini, nao walimjibu kwamba maana yake ni kumtakia mzazi kifo. Msomaji wa pwani ya Waswahili, aliyelelewa katika sheria ya mirathi isiyomgawia mtu fungu ila baada ya mauti, hahitaji kuelezwa zaidi.

Kadhalika nguruwe. Mkoa wa Ruvuma, sawa na jirani zake wa Nyanda za Juu Kusini, hufuga nguruwe kwa wingi, na Mkristo wa Songea asikiapo kwamba kijana alipata kazi ya kuchunga wanyama hao, huenda akaona kwamba amepata walau riziki ya halali. Lakini jirani yake Mwislamu, awe wa Songea mjini au wa Tunduru, husikia pale pale kile alichokisikia Myahudi wa karne ya kwanza, yaani kwamba kijana ameteremka hadi mahali ambapo dini yake na heshima yake haziwezi kumfuata. Naona ni hasara kubwa kwamba mafunzo ya Biblia katika mji wenye watu wa dini mbili hayawashirikishi wale ambao katika jambo hili wana sikio kamili kuliko letu.

Na sasa njaa yenyewe. Vita vya Maji Maji vilipofika huku Ungoni mwaka 1905, dola ya Kijerumani haikuridhika kuwashinda wapiganaji kwa bunduki na kuwanyonga wazee wao mwaka 1906. Iliteketeza mashamba na ghala, ikatwaa nafaka, ikaifanya njaa kuwa silaha. Kapteni Richter, aliyekuwa na amri hapa Songea, alipoambiwa na padre mmisionari kwamba watu watakufa kwa njaa, alijibu kwamba na wafe, na kwamba lau angaliweza angaliwazuia hata kupanda. Hesabu ya Wajerumani wenyewe ilitaja Waafrika 75,000 waliopotea katika vita vile kusini mwa nchi, na mwanahistoria Gwassa alikadiria kwamba waliokufa walifika kati ya 250,000 na 300,000, wengi wao si kwa risasi bali kwa njaa na maradhi yaliyoiandama. Baada ya hapo wilaya ya Songea ikageuka kuwa chimbuko la vibarua: kodi ilidaiwa kwa fedha, fedha haikupatikana karibu, na vijana kwa miaka mingi wakashika njia ya mashamba ya mkonge ya Tanga, wakiitwa manamba, wakifanya kazi kwa kipande, yaani kadi ya siku 30 za kazi, katika nchi ya watu, wala hawakuwa wamedai urithi kwa baba yeyote.

Kwa hiyo msomaji wa Songea ana haki ya kuuliza swali ambalo halikuulizwa Marekani wala Urusi: njaa ile kuu iliingia yenyewe, au iliingizwa? Injili haisemi, na mfasiri mwaminifu asiiseme badala yake, kwani kumtia Richter ndani ya mfano kungekuwa kurudia kosa la kumtia mtume Paulo katika nyumba ya wageni. Ila swali lenyewe lina faida, maana humzuia mhubiri kusema kwa wepesi kwamba kila mwenye njaa amejiletea.

Jambo ambalo sijaliona likitiliwa mkazo wa kutosha ni kwamba ndani ya mfano huu jaribio la Powell limekwisha kufanyika. Kisa husimuliwa upya na watu watatu wa nyumba moja. Kijana mwenyewe, akiwa kwa nguruwe, akiri moyoni kwamba anakufa kwa njaa, lakini mbele ya babaye aungama dhambi yake tu wala haitumii njaa kuwa udhuru. Baba hataji ubadhirifu wala njaa. Yeye hunena juu ya aliyekufa akafufuka na aliyepotea akapatikana, na amri anazozitoa ni za mavazi na chakula. Kaka mkubwa, ambaye hakutoka nyumbani wala hakuyaona ya nchi ya mbali, ndiye asimuliaye kwamba mdogo wake amekula mali pamoja na makahaba. Njaa hakuitaja, ukatili wa wenyeji hakuutaja, na hao makahaba ni nyongeza yake mwenyewe, kwa kuwa msimulizi wa kisa alisema tu kwamba kijana alitapanya mali kwa maisha ya ovyo. Yeye ndiye msikilizaji aliyeshika sababu moja kati ya tatu, na kwa ajili ya sababu hiyo moja akakataa kuingia karamuni.

Nasema haya nikijua kwamba hali ya Ruvuma imebadilika. Mkoa huu leo ni miongoni mwa mikoa inayoilisha nchi kwa mahindi, na Wakala wa Taifa wa Hifadhi ya Chakula una kanda yake hapa Songea. Kijana aliyezaliwa Mshangano katika miaka hii yumkini aipite aya ya 14 kama aipitavyo mwenziwe wa Ohio. Hatari iko hapo hasa, kwamba shibe hutufanya sote tuwe kaka mkubwa. Hata hivyo kalenda ya Kanisa Katoliki yatusaidia bila ya kukusudia, kwa sababu mfano huu husomwa Dominika ya nne ya Kwaresima katika mwaka C wa mzunguko wa masomo ya Misa, kama ilivyokuwa tarehe 30 Machi 2025, nao ndio msimu ambao mahindi ya Songea yangali shambani, mavuno hayajafika, na nyumba iliyolima kidogo mwaka uliopita imekwisha kuanza kupunguza mlo. Mwezi mmoja kabla ya hapo, tarehe 27 Februari, mji huadhimisha kumbukumbu ya mashujaa wa Maji Maji kwenye makumbusho yao. Mafundisho mawili hayo hukaa karibu sana katika mwaka, na sioni sababu ya walimu wa dini kuyatenga.

Tangu maaskofu wa Afrika Mashariki walipozipa jumuiya ndogo ndogo nafasi ya kwanza katika mikutano yao ya 1973 na 1976, Injili husomwa kila juma katika nyumba za watu, na hapo ndipo kazi hii yaweza kufanywa bila ya gharama yoyote. Nawasihi wasimamizi wa jumuiya za Mshangano, na wenzao wa madhehebu mengine, wasianze kwa kueleza maana ya mfano. Wausome mara moja, wafunge Biblia, mzee mmoja asimulie, kisha kijana mmoja asimulie, na wengine waangalie kila mmoja ameacha nini. Halafu aya ya 13, ya 14 na ya 16 zisomwe tena kwa sauti, zote tatu, kabla mtu yeyote hajapewa ruhusa ya kuhubiri.