Safari ya Ridhaa: Mbingu katika Kusadikika

Wahakiki wengi wamekisoma kitabu cha Shaaban Robert, Kusadikika (1951), kama istiara ya utawala wa kikoloni, nasi hatuna ugomvi nao. Ila usomaji huo huipita mbingu kana kwamba ni pambo tu. Yafaa kuuliza kwa nini mwandishi aliyekusudia kuzungumzia sheria aliiweka nchi yake ikielea angani, akaipakanisha na kaskazi, kusi, matlai na umande badala ya mito na milima.

Kwa maoni yetu, jibu limo katika safari za wajumbe. Walitumwa pande sita: mashariki, magharibi, kaskazini, kusini, mbinguni na ardhini. Na itazamwe hiyo ya mwisho. Kwa mkaaji wa hewani, ardhi hii tuikanyagayo ni ya mbali na ya ajabu sawasawa na mbingu. Kwa ufundi huo mwandishi anatung'oa katikati ya ulimwengu. Sisi ndio tunaoendewa na kuchunguzwa.

Ridhaa, aliyekwenda mbinguni, alirudi akatiwa gerezani kama wenzake watano. Hapa ndipo penye uzito. Mbingu haikumkataza kuuliza. Waliomwadhibu ni watu wa kwao. Karama naye, anapojitetea barazani kwa kusimulia safari hizo, anatetea haki ya msafiri kurudi na habari ambazo wakubwa hawakuzitarajia.

Hata hivyo, udadisi wa Shaaban Robert una mpaka. Mbingu yake ni shule ya utawala, na thamani yake hupimwa kwa faida itakayoletwa nyumbani. Nyota haitazamwi kwa ajili ya nyota. Tungemlaumu zaidi lau waliomfuata wangaliuvuka mpaka huo, lakini hata Katama Mkangi, katika Walenisi (1995), anampeleka Dzombo angani ili akaione jamii yenye haki.

Na fursa ilikuwapo, tena pwani yetu wenyewe. Tarehe 12 Desemba 1970, setilaiti ya Kimarekani ilirushwa kutoka jukwaa la Waitaliano la San Marco, baharini karibu na Ngomeni, kaskazini ya Malindi. Iliitwa Uhuru, kwa kuwa siku hiyo ilikuwa sikukuu ya uhuru wa Kenya. Ilichunguza miali ya eksirei itokayo angani, na kutokana na kazi yake ikatungwa orodha ya vyanzo 339. Mjumbe huyo alipaa na jina la Kiswahili; habari alizoleta ziliandikwa kwa Kiingereza.