Rufani Hufutwa au Hukoma?

Tangu Sheria Na. 1 ya mwaka 2021 ilipokifanya Kiswahili kuwa lugha ya sheria na ya mahakama nchini Tanzania, wafasiri wamefanya kazi yenye kustahili shukrani. Hata hivyo twaona kwamba neno moja, kufutwa, limetwishwa mzigo usio wake.

Mrufani akifa, na haki anayoidai ikiwa ni ya kurithika, rufani yake haifi papo hapo. Sheria humpa mwakilishi wake muda wa kuomba aingizwe mahali pake. Kanuni za Mahakama ya Rufani ya Kenya za 2010, kwa mfano, ziliweka miezi 12. Muda ukipita bila ya ombi, rufani hukoma yenyewe. Kusema "imefutwa" ni kumzua mfutaji ambaye hakuwapo, kwa kuwa kauli ya kutendwa haikosi mtenda, ajapokuwa amefichwa.

Jambo hili si la wanasarufi peke yao. Mjane aandikiwaye kwamba rufani ya marehemu mumewe "imefutwa" atajuaje lipi la kufanya? Ikiwa iliondoshwa kwa kasoro za hati, aweza kuleta nyingine iliyo sahihi, maadamu muda ungaliko. Ikiwa ilitupwa kwa sababu mrufani hakufika siku ya kusikilizwa, dawa ni kuomba irejeshwe. Ikiwa ilikoma kwa kifo, Amri ya 22 ya Sheria ya Mwenendo wa Madai ya 1966 yamtaka aombe ukomo huo utenguliwe, na aeleze kilichomchelewesha. Milango mitatu, na barua yamwonyesha ukuta! Tofauti baina ya kuondosha na kutupa ilikwisha kubainishwa na Mahakama ya Rufani ya Afrika Mashariki mwaka 1959, katika shauri la chama cha ushirika cha Ngoni Matengo. Haifai tafsiri iifukie upya.

Twapendekeza basi kukoma, kutupwa na kuondoshwa, kila moja mahali pake. Wako watakaosema kwamba kukoma kunanuka makaripio ya mama kwa mtoto mtundu. Lakini madaktari husema "kukoma hedhi" wala hapana anayejiona amekaripiwa. Kufifia tusingelikubali: kilichofifia kingaliko, japo hakionekani vyema.

Tena, mwakilishi wa marehemu asiitwe mrithi. Mrithi hupata mali. Anayesimama mahakamani kwa niaba ya marehemu ni msimamizi wa mirathi aliyeteuliwa na mahakama, au wasii aliyetajwa katika wosia na kuthibitishwa. Mtoto asomaye "mrithi" katika fomu atakwenda kusimama mwenyewe bila ya barua ya usimamizi, atarudishwa kuitafuta, na huku siku zinahesabiwa.