Jina na Kauli katika Filamu za Anne Mungai

Kazi ya Anne Mungai katika sinema ya Kenya huelezwa mara nyingi kwa jambo moja, kwamba Saikati, filamu aliyoiongoza mwaka 1992, huhesabiwa kuwa filamu ndefu ya kubuni ya kwanza ya mwanamke Mkenya. Sifa hiyo ni ya haki, lakini humfunga msanii katika tarehe. Yafaa ichunguzwe lugha yake, kwa kuwa humo ndimo mlimo nguvu ya kazi hizi na udhaifu wake pia.

Mungai alifunzwa katika Chuo cha Mawasiliano ya Umma cha Kenya, Nairobi, ambacho mafunzo yake ya filamu yalikuzwa kwa msaada wa Wakfu wa Friedrich Ebert wa Ujerumani. Mwaka 1986 alitoa Wekesa at Crossroads. Baada ya Saikati zikafuata Pongezi (1993), Usilie Mtoto wa Africa (1994) na Saikati the Enkabaani (1998).

Kisa cha Saikati chajulikana. Msichana wa Kimaasai anatamani elimu na udaktari. Wazee wanamtakia ndoa. Anatorokea Nairobi pamoja na binamu yake Monica, na huko anagundua kwamba riziki ya binamu huyo hutokana na ukahaba. Dhamira si ngeni katika fasihi ya Afrika Mashariki. Lililo geni ni kwamba mwanamke ndiye aliyeshika kamera, na kwamba kijiji hakitukuzwi wala mji haulaaniwi kwa pupa.

Jina la filamu ya 1998 lina utajiri usioonekana upesi. Katika Kimaasai kiambishi ol- hutaja jinsi ya kiume, na en- ya kike. Olabaani ni mganga au daktari mwanamume. Enkabaani ni mwanamke. Kwa neno moja, basi, jina limekwisha kutangaza kwamba ndoto ya msichana imepata mahali katika lugha ya wazee wake. Kiswahili hakina njia hiyo: daktari haonyeshi jinsi, na kusema "daktari wa kike" ni kumfanya mwanamke kuwa nyongeza. Hata Wekesa, jina la Kiluhya la mtoto wa kiume aliyezaliwa wakati wa mavuno, lina mwenziwe Nekesa.

Na achukuliwe mtazamaji wa Adungosi, baina ya Busia na Malaba, awe kipimo. Lugha yake ya nyumbani ni Kiteso, ambayo ni jamaa ya Kimaasai katika Kiniloti cha Mashariki, nayo hutenga jinsi kwa viambishi: esapat ni mvulana, apese ni msichana, ikoku ni mtoto. Majirani zake Waluhya huwaita watoto wao Wekesa na Nekesa. Sokoni, na mpakani kwa madereva wa malori, hutumia Kiswahili. Mtu huyu ana masikio ya kulipokea jina enkabaani kuliko watazamaji wengi wa Nairobi. Lakini filamu ya Saikati ikianza kusema, Kiingereza ndicho kinachopewa nafasi kubwa, na yule aliyelielewa jina huachwa mlangoni.

Hapa itajibiwa kwamba fedha na matamasha ya ng'ambo hudai Kiingereza. Hoja hii ina uzito, wala si haki kumlaumu msanii peke yake kwa masharti asiyoyaweka. Hata hivyo yafaa kukumbuka kilichokuwa kikitokea katika runinga ya taifa miaka ileile. Vitimbi na Vioja Mahakamani viliendeshwa kwa Kiswahili, na nchi nzima ikavifuata. Marehemu Benson Wanjau, aliyefariki mwaka 2015, alikuwa Mkikuyu aliyemwigiza Mzee Ojwang kwa lafudhi ya Kijaluo, na mtazamaji wa Adungosi hakuhitaji mkalimani ili acheke. Kiswahili kilipewa kicheko. Machozi ya Saikati yakapewa Kiingereza. Mgawanyo huo ni mzito kuliko kosa la filamu moja, maana humfundisha mtazamaji kwamba lugha yake ya sokoni haitoshi kubeba jambo la maana. Na safari yenyewe ya Saikati, kutoka Mara mpaka Nairobi, ni safari ambayo kwa kawaida msichana wa Kenya huifanya kwa Kiswahili.

Usilie Mtoto wa Africa ni jina la namna nyingine. Halimtaji mhusika bali linamsemesha: kitenzi kimekanushwa katika nafsi ya pili, kama mama anavyombembeleza mwanawe. Ingekuwa njia njema ya kuendelea nayo. Lakini miaka 4 baadaye Mungai alirudi kwa msichana wake wa Mara, na katika jina jipya maneno mawili ya Kimaasai yakaunganishwa kwa kibainishi cha Kiingereza, ilhali enk- imekwisha kuifanya kazi hiyo.