Watu Mia wa Lubaina Himid

Lubaina Himid alizaliwa Unguja mwaka 1954. Baba yake, mwenye asili ya Komoro, alifariki mtoto akiwa na miezi michache tu, na mama yake Mwingereza, mbunifu wa vitambaa, akarudi naye kwao. Kisiwa kikabaki nyuma. Hata hivyo kanga hazikumwacha: pindo, mji na jina huibuka katika picha zake miaka nenda miaka rudi.

Wengi humtaja kwa Tuzo ya Turner ya mwaka 2017, aliyoitwaa akiwa na miaka 63, mwanamke mweusi wa kwanza kuipata. Mimi hunivutia zaidi kwamba alisomea usanifu wa jukwaa. Mtu wa jukwaa anajua kwamba mtazamaji ana miguu, si macho peke yake.

Ndivyo ilivyo kazi yake ya mwaka 2004, Naming the Money. Ni watu mia moja wa mbao bapa, kila mmoja ana kimo cha binadamu, amekatwa kwa msumeno kufuata umbo lake na kupakwa rangi za kukoza. Hawakutundikwa ukutani; wamesimama sakafuni, nawe unapita katikati yao. Ni Waafrika waliofanywa watumwa katika majumba ya wakuu wa Ulaya, wale ambao michoro ya zamani iliwaweka pembeni wakishika mbwa au sinia la matunda. Himid amewapa kazi zao: wapiga ngoma, washona viatu, wachora ramani, waganga wa mitishamba, wafinyanzi, wafunza mbwa.

Kwa mbele unaona mavazi, mikono, zana. Ufundi wenyewe uko mgongoni. Huko kuna karatasi yenye sura ya hati ya mahesabu, na maneno machache: jina lake la kwao, jina alilobandikwa, kazi aliyokuwa akiifanya, kazi anayoifanya sasa, na kile ambacho hakuna aliyeweza kumpokonya. Karatasi ya kuhesabia mali imegeuzwa kuwa ushahidi wa mtu. Msanii mvivu angechonga kiolezo kimoja akakirudia. Yeye alikaa na kila mmoja, uso kwa uso, jina kwa jina, hadi mia ikatimia.

Mwaka 2007 akarudia subira hiyohiyo kwa vyombo vya mezani: sahani, majagi na mabakuli ya supu, vyote vikuukuu, mia moja tena, kwa ajili ya mji wa Lancaster uliotajirika kwa biashara ya watumwa. Alipaka rangi juu ya maua ya kiwandani bila kuyafuta yote, hivyo uso wa mtumishi mweusi unachungulia kati ya nakshi za mwenye nyumba. Kuna pia matajiri wanaotapika kwa kusikia biashara yao inapigwa marufuku. Hao wanachekesha, lakini kwangu hawazifikii nyuso za watumishi, zilizochorwa kwa utulivu na bila kuomba huruma.

Watu wale mia sasa ni mali ya Jumba la Makumbusho ya Utumwa la Kimataifa, Liverpool. Popote utakaposikia wamesimamishwa, nenda, na usiishie mbele. Zunguka nyuma, usome.