Mwamba wa pweza hufungwaje, na hufunguliwa lini?

Mwaka 2004, Wavezo wa Andavadoaka, kijiji cha wavuvi kusini-magharibi mwa Madagaska, walikubaliana wasiguse pweza wa Nosy Fasy kwa miezi saba. Bahari haikufungwa, kilifungwa kipande kimoja cha mwamba, na kwingine kote watu waliendelea kutafuta kitoweo. Uamuzi huo wa kufunga kidogo ndio ninaouheshimu zaidi, maana nyumba inayokula kwa pato la leo haiwezi kuzuiwa bahari nzima.

Kwa chewa, miezi saba isingefua dafu: huchukua miaka kabla ya kuzaa. Pweza huishi mwaka na ushei tu. Jike hutaga mara moja, hulinda mayai pangoni, kisha hufa. Akiwa bado mdogo hukua mbio mno. Ukimwacha wiki chache tu, uzito wake unaweza kuwa maradufu. Na mnunuzi hulipa kwa kilo. Ila subira hiyo ina kikomo, kwa kuwa ukichelewa mno wakubwa hufia mwambani. Ndiyo maana baadaye muda ulishushwa hadi miezi miwili au mitatu.

Kilichowashinda Wavezo mwanzoni ni siku ya kufungua. Mwaka 2005 watu wa vijiji vya jirani walifurika Nosy Fasy, mwamba ukakanyagwa, na sehemu kubwa ya faida ikaisha kwa siku chache. Dawa iliyopatikana ni vijiji kupatana na kufungua miamba kadhaa kwa pamoja, ili watu watawanyike.

Kisha kuna mwezi wa angani, unaoongoza maji kujaa na kupwa. Huku kwetu nako, Kisiwa Panza, kusini mwa Pemba, wamewahi kufunga miamba ya pweza, na wenyeji wanajua hesabu hii vizuri. Wakati wa bamvua maji hutoka mbali, mwamba hukauka, na wanawake huingia kwa miguu, chuma mkononi, wakichokoa shimo kwa shimo. Maji mafu yakifika, mashimo hayo hubaki chini ya maji, na anayeyafikia ni mpiga mbizi mwenye miwani peke yake. Kamati ya kijiji inayosimamia mwamba ikifungua wakati wa maji mafu, wanawake waliovumilia kufungwa kwa mwamba watawakuta pweza wao wameshapimwa mizanini na kuuzwa. Kwa hiyo tarehe ipangwe wanawake wakiwemo barazani, tena kabla mwamba haujafungwa.