Gemu Ipo, Saa Imekufa

Aprili 2022, baadhi ya watu wenye PlayStation 3 na PS Vita waliifuata Chrono Cross, gemu waliyokwisha kuilipia zamani, ili waipakue tena. Mashine ikawajibu kwamba haki yao ya kuicheza ilikwisha tarehe 31 Desemba 1969. Gemu yenyewe ilitolewa Japani mwaka 1999. Kwa hesabu ya mashine, leseni ilikufa miaka thelathini kabla gemu haijazaliwa.

Wengi waliicheka tarehe hiyo wakapita. Mimi naiona kuwa dalili nzuri kuliko zote, kwa sababu si tarehe ya kubahatisha. Kompyuta nyingi haziweki siku na mwezi kama tunavyoandika sisi. Zinahesabu sekunde tu, kuanzia usiku wa manane wa kuamkia tarehe 1 Januari 1970 kwa saa za Greenwich, desturi iliyotoka kwenye mfumo wa Unix. Pale panapotakiwa tarehe pakiwa na sifuri, mashine inaielewa sifuri hiyo kuwa ndio mwanzo wenyewe wa hesabu. Mtu aliye Marekani, ambako saa ziko nyuma ya Greenwich, ataonyeshwa jioni ya tarehe 31 Desemba 1969. Sifuri hiyohiyo ikisomwa Mombasa au Mwanza ni tarehe 1 Januari 1970, saa tisa usiku. Kila kitu kinaashiria kwamba mahali pa kuandika mwisho wa leseni paliachwa na sifuri, nayo sifuri ikasomwa kuwa siku ya mwisho.

Hitilafu ya namna hiyo hurekebishwa. Linalonisumbua ni jambo la nyuma yake: gemu iliyonunuliwa, si ya kukodi wala ya majaribio, ina haja gani ya mahali pa kuandika siku ya mwisho?

Ukinunua gemu ya kupakua kwenye PS3, vinavyoingia kwenye mashine ni vitu viwili. Cha kwanza ni gemu yenyewe, faili kubwa lililofungwa kwa usimbaji kiasi kwamba ukilinakili kwenye kompyuta halisomeki. Cha pili ni leseni, faili dogo lisilofika hata kilobaiti moja, lenye namba ya akaunti yako, namba ya gemu na ufunguo wa kuifungulia. Ufunguo huo nao umefungwa kwa namna ambayo ni mashine iliyosajiliwa kwa akaunti yako tu inayoweza kuutoa. Mwanzoni akaunti moja iliruhusiwa kusajili PS3 tano. Novemba 2011 Sony ikapunguza zikawa mbili kwa ununuzi mpya.

Muundo huo mmoja wa leseni ulitumika kwa kila aina ya gemu. Zile zilizotolewa kwa wanachama wa PlayStation Plus zilikuwa na tarehe ya mwisho, kwa sababu uanachama ukikoma nazo zinakoma. Zilizonunuliwa moja kwa moja zilijazwa fomu hiyohiyo, ila pa mwisho pakaachwa wazi. Maana yake ni kwamba mnunuzi na mpangaji walipewa hati ya namna moja, tofauti yao ikiwa ni namba chache ndani ya faili ambalo wao wenyewe hawawezi kulisoma. Namba hizo zikivurugika, mwenye nyumba anageuka mpangaji.

Na leseni yenye tarehe haina kazi bila saa ya kuaminika. Hapo ndipo inapoingia betri.

Ndani ya PS3, na baadaye ndani ya PS4, kuna betri ya kidonge, CR2032, ya volti 3, yenye upana wa milimita 20. Kazi yake ni kuiendesha saa ya mashine wakati umeme umekatwa. Mashine ikiwa imechomekwa ukutani, saa inakula umeme wa ukutani na betri inapumzika. Ikichomolewa, betri inabeba mzigo peke yake. Betri za namna hii haziwekwi chaji. Zina nguvu zilizotoka nazo kiwandani basi, na katika mashine huweza kumaliza miaka kumi au zaidi. Mashine inayochomolewa kila usiku, kama ilivyo desturi ya vibanda vya gemu na nyumba zinazohofia umeme wa kurukaruka, inaifikisha betri yake mwisho mapema kuliko ile isiyochomolewa kamwe. PS3 iliingia sokoni Novemba 2006, PS4 Novemba 2013. Hesabu miaka, utaona tuko wapi.

Saa ikipotea, PS3 haijui tena leo ni lini. Gemu za diski zinaendelea kucheza. Zile za kupakua zinagoma mpaka mashine iunganishwe na seva za Sony ipewe saa upya. Kuweka betri mpya peke yake hakutoshi, wala kuandika tarehe kwa mkono hakutoshi, kwa kuwa saa inayoaminiwa na leseni ni ile iliyothibitishwa na seva. Seva zikiwapo, kazi hiyo ni ya dakika chache. Zisipokuwapo, gemu inabaki kwenye diski kuu ikiwa nzima, imelipiwa, mashine yake nzima, na haifunguki.

Kwenye PS4 mambo yalikuwa mabaya zaidi, na kisa chake kinastahili kusimuliwa kwa utulivu kwa sababu kina ushahidi ambao watengenezaji hawawezi kuukwepa. Machi 2021 kundi la wahifadhi wa michezo liitwalo Does It Play? lilitoa tahadhari: PS4 ambayo betri yake imekufa na haina intaneti haichezi gemu za kupakua, na haichezi hata za diski. Unaishika diski mkononi, unaiingiza, mashine inaikubali, kisha gemu inaanguka na ujumbe wa hitilafu. Mashine hizo Sony imeziuza zaidi ya milioni 117.

Diski ina uhusiano gani na saa? Waliochunguza walibaini kwamba chanzo ni vikombe, yaani zile tuzo anazopewa mchezaji kila anapokamilisha jambo. Kila kikombe hugongwa muhuri wa tarehe na saa, na watu hushindana kwa mihuri hiyo. Ili mtu asirudishe saa nyuma na kudai alimaliza gemu siku ilipotoka, PS4 ilipewa saa mbili: moja ya kuonyesha kwenye skrini, ambayo mwenyewe unaweza kuibadilisha, na nyingine ya ndani isiyoguswa na mtu ila seva. Gemu inapoanza, inauita mfumo wa vikombe, mfumo wa vikombe unaitafuta saa ya ndani, saa haipo, kila kitu kinasimama. Kinga iliyowekwa kulinda heshima ya kikombe cha kuchora ikawa na uwezo wa kuifunga maktaba nzima ya mtu.

Sidhani kwamba kuna mhandisi aliyekaa akalipanga hilo. Ndivyo mifumo inavyokuwa: kila sehemu inaitegemea nyingine kwa sababu siku ile ilionekana kuwa salama, na hakuna aliyepewa kazi ya kuuliza itakuwaje siku seva zitakapozimwa. Lakini angalia kilichofuata. Septemba 2021 Sony ilitoa toleo la 9.00 la programu endeshi ya PS4. Maelezo rasmi hayakutaja betri. Watu wakaichomoa betri, wakazima intaneti, wakajaribu, na gemu zikaanza, za diski na za kupakua. Hakukuhitajika kifaa kipya wala fundi. Yalikuwa mabadiliko ya programu, yaliyofika kwa mamilioni ya mashine kwa njia ileile ya masasisho ya kawaida.

Hukumu yangu inasimama juu ya toleo hilo. Kampuni zinapozima duka la zamani hutuambia kwamba teknolojia imepitwa na wakati, kana kwamba gemu zimeoza kama embe. Toleo la 9.00 limeonyesha kwamba kufuli ni uamuzi, na mwenye kuliweka anaweza kulilegeza akitaka.

Kipindi hichohicho ndipo tulipoona jinsi uamuzi wa kuzima unavyoweza kuja haraka. Mwishoni mwa Machi 2021 Sony ilitangaza kuyafunga maduka ya PS3, PSP na Vita kabla ya mwaka kwisha. Wateja walipiga kelele. Tarehe 19 Aprili mkuu wa PlayStation wakati huo, Jim Ryan, akakiri kwamba uamuzi huo haukuwa sahihi, na maduka ya PS3 na Vita yakabaki wazi. Kelele zilifanya kazi. Kwingine hazikufua dafu: Nintendo ilifunga duka la Wii Januari 2019 na maduka ya Wii U na 3DS tarehe 27 Machi 2023, Microsoft ikafunga la Xbox 360 tarehe 29 Julai 2024. Kufunga duka si sawa na kuzima seva za kupakulia, na mara nyingi wanaoshikilia gemu walizonunua wameachiwa mlango wa kuzipakua tena kwa muda usiotajwa. Kwenye Wii hata mlango huo ni mwembamba, kwa kuwa ununuzi uliandikwa kwa mashine yenyewe na si kwa mtu. Mashine ikiungua, huendi dukani na jina lako tu.

Na mtu asiseme utainunua upya mahali pengine. Julai 2023 shirika la Marekani la Video Game History Foundation lilichapisha utafiti juu ya gemu zilizotolewa nchini humo kabla ya mwaka 2010, likakuta asilimia 87 hazipatikani tena madukani kwa njia yoyote ya kawaida.

Kwa msomaji wa Afrika Mashariki jambo hili lina sura yake. Tanzania na Kenya hazimo kwenye orodha ya nchi za kufungulia akaunti ya PlayStation, kwa hiyo vijana wetu wanajiandikisha kana kwamba wako Uingereza, Marekani au Afrika Kusini, wakanunua kadi za huko. Wengine wananunua PS3 ya mtumba iliyojaa gemu, wakifurahi kuwa wamepata mzigo kwa bei ya mashine tupu. Gemu hizo za kupakua zinasimama juu ya akaunti ya mtu wasiyemjua, nenosiri wasilolijua, na betri ambayo hakuna aliyewahi kuitazama. Muuzaji akikuonyesha zinacheza, zinacheza kweli, kwa siku hiyo. Kabla hujatoa fedha, mwambie azime intaneti, achomoe mashine ukutani kwa muda, kisha aiwashe mbele yako. Tarehe ikirudi mwanzo, betri imekufa.

Sheria nazo zimeanza kuamka, ila kwa hatua ndogo. California ilipitisha sheria mwaka 2024, ikaanza kutumika Januari 2025, inayomkataza muuzaji wa bidhaa za kidijiti kutumia neno «nunua» bila kumweleza mteja wazi kwamba anachopata ni leseni. Ni afadhali, lakini sheria hiyo inarekebisha neno kwenye kitufe na kuiacha saa ndani ya mashine kama ilivyo. Ninachodai mimi ni kitu kidogo na kinachowezekana: kampuni ikiamua kuzima seva za mashine fulani, itoe kwanza toleo la mwisho la programu endeshi linaloziruhusu gemu zilizolipiwa ziache kuuliza saa. Imefanyika mara moja kwenye PS4. PS3 bado inasubiri.

Wewe mwenye mashine usisubiri. Ukiwa na PS4, angalia kwenye mipangilio kama programu endeshi ni 9.00 au zaidi. Ukiwa na PS3, pakua sasa kila ulichonunua, mpelekee fundi mashine aifungue abadilishe betri, kisha ingia kwenye akaunti yako seva zingali hai, mashine ipate saa yake. Baada ya hapo iache imechomekwa. Betri inayotakiwa ni CR2032, ileile ya mizani ya jikoni na ya rimoti ya gari, na mafundi wengi wa saa wanayo mezani.