ZX81: Kompyuta Iliyosoma Maandishi Kama Amri

Machi 1981, kampuni ya Sinclair ya Cambridge, Uingereza, ilitoa kompyuta ya ZX81 kwa pauni 69.95, au pauni 49.95 kwa aliye tayari kuiunga mwenyewe. Skrini haikuwamo. Mnunuzi alichomeka waya kwenye tundu la antena la televisheni ya nyumbani, akatafuta chaneli 36, na maandishi meusi yakatokea kwenye kioo cheupe.

Televisheni haisubiri mtu. Ile ya Uingereza ilichora mstari mmoja kila maikrosekunde 64, na mara 50 kwa sekunde ikarudi juu kuanza upya. Doti ikichelewa, imepotea. Kompyuta nyingine ziliiachia kazi hiyo saketi maalumu ya picha. Sinclair waliiondoa, wakaibebesha mzigo prosesa yenyewe, Z80.

Ilikuwaje? Prosesa iliamriwa irukie pale pale kwenye kumbukumbu yalipohifadhiwa maandishi ya skrini, iyasome kana kwamba ni programu. Inapoomba amri inatoka herufi, tuseme A. Chipu ya kampuni ya Ferranti iliyokaa njiani inaidaka na kuipa prosesa sifuri, ambayo kwa Z80 ni amri ya kutofanya lolote. Prosesa inasonga mbele bila habari. Chipu nayo inachukua umbo la A kutoka kumbukumbu ya kudumu (ROM) na kulirusha kwenye televisheni. Amri hiyo tupu hula mipigo 4 ya saa, muda uleule wa kuchora doti 8, yaani upana wa herufi moja. Mwisho wa kila mstari wa maandishi kuna namba 118, ambayo chipu huiacha ipite; kwa Z80 maana yake ni kusimama.

Kwa njia hii ZX81 ilitosheka na chipu 4 au 5, na bei ikashuka. Aliyelipia ni mtumiaji, kwa muda wake. Katika hali ya SLOW, programu ilipata nafasi ya kwenda pale tu televisheni ilipochora kingo tupu za juu na chini, hivyo kasi ikabaki kama robo. Mwenye hesabu ndefu aliandika FAST: picha ikazimika, prosesa ikapiga hesabu kwa nguvu zake zote, kisha jibu likaonekana. ZX80, kompyuta ya Sinclair ya mwaka uliotangulia, haikuwa hata na uchaguzi huo, maana kila ulipobonyeza kitufe picha ilitoweka kidogo. Kwa mwanafunzi wa lugha ya programu ya BASIC mwenye pauni chache, SLOW ilitosha.